Bastola Iliyoganda

Sehemu ya Kumi na Moja

Mlango wa chuma ulijifunga kwa kishindo, na papo hapo taa zikazimika.

Wanaomfuata Naseeb tangu mwanzo wanajua alivyofika katika chumba kile; asiyejua na apokee haya machache. Naseeb Pandu, mzaliwa wa Tanga, ni fundi silaha wa kampuni ya ulinzi ya Bwana Théodore, Mkongomani wa Lubumbashi. Bwana Théodore amekusudia kuwagawia walinzi wake wote bastola mpya, ya bei nafuu. Walinzi wamekataa kuishika mpaka Naseeb aijaribu na kuisemea, kwa maana neno lake halijapata kumponza mtu.

Naye ameijaribu. Aliizamisha katika tope, ikalia. Aliizika katika mchanga wa manjano wa machimbo ya dhahabu, ule upenyao hata kati ya meno, ikalia. Asubuhi ile akaitoa katika friza, akaielekeza kwenye sanduku la mchanga, akavuta kifyatulio mbele ya bwana wake. Nyundo ilianguka: ta! Risasi haikutoka. Akavuta tena: ta!

"Siisemei," alisema Naseeb.

"Basi hutoki," alijibu Bwana Théodore, akausukuma mlango kwa kisigino.

Na sasa giza.

"Washa taa, bosi. Utani una mpaka wake."

"Si miye nimezima."

"Basi fungua mlango."

Kisha ikasikika sauti ya vidole vikibonyeza vitufe visivyoitika. Chumba kile, chini kabisa ya jengo, kilikuwa hazina ya benki, zamani benki zilipokuwa zingali katikati ya jiji la Johannesburg. Benki ilihama, ikaziacha kuta zake nene na mlango wake. Bwana Théodore aliongeza kufuli la umeme, akajisifu kwalo mwaka mzima. Nao umeme ulikuwa umekatika.

"Naseeb."

"Naam."

"Mulango haifunguke."

"Yaani umetufungia wewe na mimi?"

"Eish, ndugu yangu."

Naseeb alicheka, kicheko kikavu. "Mchimba kisima huingia mwenyewe. Haya, washa simu yako tuonane nyuso. Ukiwa umenikamata nataka nikuone."

Simu ilitoa mwanga, lakini mtandao haukuwamo. Katika kuta zile haukupata kuwamo hata siku moja. Bwana Théodore aliuzunguka mlango akiupapasa kama mtu apapasaye mfuko uliotoboka, kisha akageuka na kusema kwa ukali wa mwenye hofu:

"Sasa weye utafanya nini? Utakaa tu?"

"Nitafanya kazi uliyoniajiri. Mulika hapa mezani."

Aliziondoa risasi kwanza, akahakikisha mara mbili, kisha akaifungua bastola kipande kwa kipande. Akafika kwenye ile sindano ya chuma ipigayo kitako cha risasi. Ilipaswa kuteleza yenyewe. Haikuteleza. Akaivuta, ikatoka polepole kama kijiko kilichosahauliwa ndani ya ugali.

Ilikuwa imevikwa kitu cheupe.

Naseeb akakigusa kwa ncha ya kidole, kikayeyuka. Akakinusa.

"Iko nini?" aliuliza Bwana Théodore.

Naseeb akakinusa tena.

"Naseeb, minakuuliza. Iko nini pale?"

"Nazi."

"Nazi gani?"

"Mafuta ya nazi, bosi. Mafuta ya nywele za mke wangu."

Watu wa pwani waishio katika mtaa wa La Rochelle wote wanayajua mafuta hayo nyakati za baridi. Huganda chupani yakawa kama mshumaa, na mwenye nywele hana budi kuitumbukiza chupa katika maji ya moto kabla ya kujipaka. Zuhura, mke wa Naseeb, hufanya hivyo kila asubuhi mbele ya macho ya mumewe. Lakini mafuta ya silaha yalipokwisha kazini, Naseeb alimkumbuka marehemu baba yake, aliyekuwa akitia nazi katika vyerehani na minyororo ya baiskeli huko Tanga, ambako mafuta hayo hayapati nafasi ya kuganda. Akaibeba chupa ya mkewe. Akaitia yeye mwenyewe katika maji ya moto ili yamiminike! Akapaka, akafuta mikono, akaridhika.

Kumbe mikono ilikuwa inajua jambo ambalo kichwa hakijaulizwa.

"Kwa hiyo," alisema Bwana Théodore, na sauti yake ikaanza kupanda, "bastola yangu iko muzuri!"

"Ni nzuri. Kosa ni langu."

Ungedhani bwana yule angemkumbatia fundi wake. Hakumkumbatia. Alirudi nyuma hatua, akamwelekezea mwanga usoni.

"Ujanja."

"Ujanja gani?"

"Wakati mulango ilikuwa wazi, ulisema mubaya. Sasa mulango imefunga, unasema muzuri. Unataka tu nikutoe. Kesho, mbele ya walinzi, utasema Théodore alikutesa humu ndani mpaka ukakubali."

"Nimekuonyesha mafuta!"

"Umenionyesha kidole."

Ndivyo ilivyo: ukweli uliochelewa huingia nyumbani umevaa nguo za uongo, na aliyeuchelewesha hana haki ya kulalamika kwamba haukutambuliwa. Lakini Naseeb hakuwa na nafasi ya kulalamika. Jambo lingine lilikuwa limemjia.

"Bosi, iache bastola hii. Nilipaka mafuta bastola mbili."

"Ya pili iko wapi?"

"Iko zamu. Anayo Yasini, kwenye ghala la samaki."

Yasini ni kaka yake Zuhura, shemeji yake Naseeb. Ghala lile la baridi liko kusini mwa jiji, na mlinzi wake hushinda ndani pamoja na makasha ya samaki walioganda, kwa kuwa juma zima lori moja lisilo na namba limekuwa likipita mlangoni taratibu mno.

"Akiwatolea wezi silaha hiyo, watamjibu kwa silaha," alisema Naseeb. "Yake itasema ta! Zao hazitasema ta! Nami nitakwenda kumwambia Zuhura nini? Kwamba nimemwua kaka yako kwa mafuta yako?"

Bwana Théodore aliugeuza mwanga wa simu ukutani.

"Mbona unageuka?"

"Yasini hakuenda kule. Aliniomba ruhusa. Kuna akika ya mutoto wa rafiki yake, mutaa ya Mayfair."

"Alhamdulillahi!" Naseeb aliketi juu ya friza. "Basi bastola imebaki stoo."

"Apana."

"Ameichukua nani?"

Bwana Théodore aliitazama simu yake isiyo na mtandao.

"Benita."

Benita ni binti yake, mwana wa pekee, na leo ndiye aliyeshika zamu ya Yasini. Aliingia mji huu akiwa mgongoni mwa mama yake, akakulia hapa, akaichagua kazi ya ulinzi huku mama yake akilia, na baba yake akimwambia mama: mwache, mimi ndiye bosi, nitampa silaha iliyo salama.

"Ulisema bastola iko muzuri!" alinguruma Bwana Théodore, akamkamata Naseeb kwenye ukosi.

"Bastola ni nzuri. Mafuta ndiyo mabaya."

"Toa mutoto wangu!"

"Mimi? Nani aliyefunga mlango?"

Bwana Théodore akamwachia, akauendea mlango, akaupiga kwa mabega, kwa magoti, kwa kichwa. Mlango ule ulitengenezwa kuwashinda wezi wenye baruti. Haukushughulika na baba mmoja.

"Utavunjika, nao hautavunjika," alisema Naseeb. "Njoo huku. Kuna bomba."

Bomba la hewa lilitoka katika pembe ya dari, likapanda mpaka ghorofa iliyo juu ya hazina, ambako zamani makarani walihesabu fedha za watu na sasa waumini wa Kikongomani wanamwabudu Mungu. Ilikuwa Jumamosi, siku ya mazoezi ya kwaya. Nyimbo zilikuwa zikishuka katika bomba lile, nyembamba lakini dhahiri.

Naseeb akapanda juu ya friza, akatwaa kipande cha chuma, akaligonga bomba kwa nguvu zake zote.

Wimbo ulikatika.

"Tusaidieni!" alipaza Bwana Théodore. "Tuko huku chini! Tunakufa!"

Ikashuka sauti ya mwanamke, nzito, yenye mamlaka. Ilikuwa ya Mama Agnès, kiongozi wa kwaya.

"Mumesikia, wapendwa? Anakiri! Anasema iko chini, anakufa!"

"Amina!"

Wimbo ukarudi kwa nguvu maradufu, na miguu ikaanza kuikanyaga sakafu hata vumbi likamwangukia Naseeb machoni.

"Wanafanya nini hao?"

"Wanatufukuza," alisema Bwana Théodore, na machozi yalikuwa yakimtoka. "Juma hii yote wanafunga na kuomba. Wanasema benki iliacha pepo ya pesa humu chini."

"Si ndilo kanisa lako?"

"Ni yangu. Miye ni shemasi pale."

"Basi jitaje!"

"Ni miye! Shemasi Théodore!"

Kisha Mama Agnès akasema kwa hasira takatifu:

"Sasa pepo inaiba jina ya shemasi wetu! Piga magoti wote! Ombeni kwa moto!"

Mwandishi wa hadithi hii hadhihaki sala, alilelewa kwayo. Lakini alifundishwa pia kwamba aombaye hufumba macho, hafumbi masikio.

Naseeb alishuka kutoka juu ya friza. Akaketi mezani, akatwaa kitambaa na spiriti, akaanza kuisafisha ile sindano na tundu lake. Alisafisha bila haraka. Akaiunganisha bastola, kisha akafungua friza na kuizika katika barafu iliyosalia.

"Weye!" Bwana Théodore hakuamini macho yake. "Mutoto wangu anakufa, na weye unafanya majaribio?"

"Nisipokuwa na hakika kwamba kosa ni mafuta peke yake, nitakapompata Benita nitamwambia nini? Nibahatishe?"

"Utampata namna gani?"

"Kwa hiyo hiyo. Keti."

Walikaa. Hakuna kuta zinazosogea, lakini wote wawili waliziona zikisogea. Juu yao watu wema walikuwa wakiwaangamiza kwa nyimbo. Bwana Théodore alisali kwa Kifaransa, akaapa kwa Kiswahili, akasali tena. Naseeb aliushika ubaridi wa bastola kwa kiganja, akairudisha barafuni, akaishika tena. Ilipomuunguza kwa baridi, akaitoa, akaitia risasi.

"Ziba masikio."

Akaielekeza kwenye sanduku la mchanga, chini ya kinywa cha bomba, akavuta.

Ililia.

Ililia kama kwamba chumba chenyewe ndicho kilichofyatuliwa. Moshi ukawajaa puani. Bwana Théodore alikuwa sakafuni, mikono kichwani. Na huko juu hapakuwa na wimbo, wala mguu, wala amina.

"Mama Agnès!" Naseeb alipaza sauti bombani. "Mimi Naseeb, fundi, yule unayenipita kwenye ngazi kila siku!"

Kisha sauti, sasa ikiwa imepungua uzito:

"Kama uko mutu, taja mama yako."

"Kidawa binti Ahmad!"

"Na anayelia kando yako ni nani?"

"Shemasi wako."

"Shemasi analia?"

"Sikiliza mwenyewe."

Bwana Théodore alikuwa akilia waziwazi, bila kujificha.

"Ah," alisema Mama Agnès. "Si pepo. Pepo hailie na mafua hivyo. Muko wapi, wapendwa?"

Maneno yakapanda na kushuka kwa haraka. Kijana mmoja wa kwaya, Steve, akatumwa polisi; mwingine akatumwa kumtafuta mwenye jenereta. Mama Agnès akaandika namba ya Benita jinsi baba yake alivyoitaja, akaibonyeza, akafungua sauti mpaka mwisho, akaiweka simu yake kinywani mwa bomba. Kwaya nzima ikaamriwa isipumue.

Simu iliita. Iliita. Ikapokewa.

"Alo?" Ulikuwa mnong'ono.

"Benita! Ni Papa! Mwanangu, uko wapi?"

"Papa, usipige kelele. Wameingia."

Bwana Théodore alishika bomba kwa mikono miwili.

"Wamenifungia kwenye chumba cha barafu," uliendelea mnong'ono. "Niko nyuma ya makasha. Simu hawakuiona, ilikuwa kwenye soksi. Wako wengi, wanapakia lori. Ni watu wetu, Papa. Wanaongea Kiswahili, wanaitana ndugu."

"Umeumia?"

"Nasikia baridi tu."

Naseeb akakaribia. "Benita, ni mimi Naseeb. Bastola iko wapi?"

"Ile? Tonton Naseeb, ile ni takataka! Nilimwelekezea mmoja, nikavuta: ta! Akacheka mpaka akashika magoti. Akaninyang'anya. Sasa imekuwa toi yake ya kuchezea. Anakuja humu, ananiwekea kwenye paji la uso, anavuta: ta! Anasema, 'Sista, umekufa tena.' Halafu anarudi kupakia."

"Mungu wangu," alisema Bwana Théodore. "Mungu wangu, Mungu wangu."

"Usilie, Papa. Niko sharp, niko sawa. Nilitetemeka ile mara ya kwanza tu. Sasa nimeshamsoma. Akiwa na toi yake hana kingine mkononi, na anakuja peke yake. Nimepata nyundo ya kuvunjia barafu. Akirudi namrukia."

"Mpige!" alisema baba yake. "Mpige, mwanangu, usimuhurumie! Ile kitu haina kitu!"

Naseeb akamshika mkono. Uso wake ulikuwa umebadilika.

"Benita, ngoja. Akitoka humo, bastola anaiweka wapi?"

"Kiunoni. Ndani ya suruali."

"Juu ya shati au chini yake?"

"Chini. Tumboni kabisa, na amevaa majaketi mawili juu. Mwanzoni aliruka, akasema, 'Eish, inanichoma baridi!'" Benita alicheka kidogo bila sauti. "Safari ya mwisho akasema haimchomi tena. Ati imepata joto kama mkate."

Mafuta ya nazi hayahitaji moto ili yayeyuke. Yanahitaji joto la mwili wa mtu, na muda wa kupakia makasha.

"Benita," alisema Naseeb, "sikiliza, bastola ile—"

"Shh! Anakuja!"

Simu haikukatika. Ilisukumwa mahali fulani, pengine kati ya makasha, kwa kuwa sauti zilififia kisha zikarudi zenye mwangwi. Komeo zito likavutwa. Mlango ukalia. Hatua zikaingia, zisizo na haraka, na sauti ya mwanamume mchangamfu ikashuka katika bomba kana kwamba amesimama juu ya friza pamoja nao:

"Sista! Uko wapi wewe, mzimu wa samaki? Tumemaliza, tunaondoka. Njoo tuagane. Tucheze mara ya mwisho."

Naseeb alijua asemalo lolote lingetoka simuni na kumfikia mtu yule. Akipaza sauti, jambazi atajua kwamba msichana ana simu, na atajua kwamba toi yake imefufuka. Akinyamaza, Benita atamrukia mtu mwenye bastola nzima, akidhani anarukia kipande cha chuma.

Akavuta pumzi ili apige kelele.

Bwana Théodore, ambaye hakuwa ameelewa, aliona jambo moja tu: fundi huyu anataka kumfichua mwanawe. Akamrukia. Akamziba kinywa kwa kiganja chake kizima, akamkandamiza ukutani kwa uzito wake wote, machozi yakimtiririka, akimnong'oneza sikioni: "Nyamaza, ndugu, nyamaza, anajua kitu anafanya."

Juu, kinywani mwa bomba, mtu yule alicheka. Ikasikika nguo ikifunuliwa.

"Haya, sista. Simama wima."

Na nyuma ya makasha, karibu kabisa na simu, wakamsikia Benita akivuta pumzi ya mtu anayekaribia kuruka.

Naseeb akaung'ata mkono wa bwana wake.